Mtoaji Anapoomba Kura, na Anapoacha Kuiomba

Kikao cha kamati ya shule kilikuwa kinaelekea kufungwa pale mwalimu mkuu alipotangaza kwamba mfanyabiashara mmoja, mzaliwa wa kata yetu ambaye siku hizi anaishi mjini, amejitolea kuezeka maboma mawili ya madarasa yaliyokwama katika hatua ya lenta. Watu wakapiga makofi. Mzee mmoja aliyekaa karibu na mlango, ambaye kwa kawaida husikiliza tu mpaka mwisho, akasubiri makofi yatulie, kisha akauliza kwa upole kabisa: "Anagombea nini?"

Hakuna aliyemjibu. Mwenyekiti akasema tuendelee na ajenda, na mabati yakapokelewa kwa kauli moja.

Swali lile limenikaa kichwani kwa wiki kadhaa, na kila nilipojaribu kulijibu nilijikuta nikimfikiria mfanyabiashara Mohammed Dewji. Wapo matajiri wengi nchini waliotoa misaada, na wapo wengi walioingia bungeni, lakini yeye amefanya jambo ambalo ni wachache wamelifanya mbele ya macho yetu: ametoa akiwa mbunge kwa miaka kumi, na baada ya hapo ameendelea kutoa akiwa hana kura ya kuomba kwa mtu yeyote. Kama swali la mzee lina jibu, nilidhani litapatikana hapo, katika kulinganisha nyakati hizo mbili za mtu mmoja.

Kijana wa Ipembe

Sina haja ya kumtambulisha. Karibu kila nyumba imewahi kuwa na unga, sabuni, mafuta au kanga iliyotoka katika viwanda vya MeTL, kampuni ya familia yake. Nitataja tu yale ninayoyahitaji kwa hoja yangu. Alizaliwa Ipembe, Singida, mwaka 1975. Mwaka 1998 alihitimu Chuo Kikuu cha Georgetown nchini Marekani, ambako alisomea biashara ya kimataifa na fedha, na pembeni akasoma teolojia, jambo ambalo huwa halitajwi sana lakini mimi naliona si dogo. Akarudi katika biashara ya familia iliyoanzishwa na baba yake, katika kipindi ambacho serikali ilikuwa inauza viwanda na mashamba ya mashirika ya umma, na kampuni ikakua kutoka biashara ya kuagiza na kuuza bidhaa hadi kuwa na viwanda vya nguo, vinu vya nafaka na mashamba ya mkonge.

Mwaka 2005 akachaguliwa kuwa mbunge wa Singida Mjini kwa tiketi ya CCM. Alikuwa na umri wa miaka 30. Akachaguliwa tena mwaka 2010, na mwaka 2015 akawaambia wananchi wa jimbo lake kwamba hatagombea tena.

Mwaka mmoja kabla ya kuondoka bungeni, yaani mwaka 2014, alikuwa amekwisha kuanzisha taasisi ya hisani yenye jina lake. Mwaka 2016 akawa Mtanzania wa kwanza kujiunga na Giving Pledge, ahadi ya hadharani ambayo matajiri wa nchi mbalimbali huitoa kwamba angalau nusu ya mali yao itakwenda katika kazi za hisani, wakiwa hai au baada ya kufa kwao.

Mpangilio huo wa miaka ndio ulionivuta. Utoaji ulianza kuhamishwa kutoka mkono wa mbunge kwenda kwenye taasisi wakati mbunge bado yuko kazini.

Jambo lisilowezekana mwaka 1967

Mtu kama yeye asingeweza kugombea chini ya masharti ya uongozi ya Azimio la Arusha. Kiongozi wa TANU, chama tawala cha wakati huo, au wa Serikali alitakiwa awe mkulima au mfanyakazi; hakuruhusiwa kuwa na hisa katika kampuni yoyote, kuwa mkurugenzi wa kampuni ya kibepari, kupokea mishahara miwili wala kuwa na nyumba ya kupangisha. Mwenye mali alibaki raia mwenye haki ya kupiga kura na kusikilizwa, lakini ilimbidi achague kati ya mali na cheo.

Kisha ukaja mkutano wa CCM wa Zanzibar wa Februari 1991, masharti yakalegezwa, na mlango ukafunguka. Dewji alikuwa kijana wa miaka 15. Nalisema hili kwa sababu mara nyingi tunazungumza juu ya matajiri walioingia siasa kana kwamba walivunja ukuta usiku, ilhali ukuta huo ulibomolewa mchana, kikaoni, na chama chenyewe, na waliofuata waliingia mahali palipokuwa wazi.

Nimeyasoma tena masharti yale ya 1967 na nimeona kwamba kilichoogopwa hakikuwa utajiri peke yake. Kilichoogopwa ni mtu mmoja kukaa pande zote mbili za meza: kuwa yule anayetunga sheria ya kodi na yule anayelipa kodi hiyo, yule anayepitisha sera ya viwanda na yule mwenye viwanda. Katika ahadi za mwanachama wa TANU, ambazo CCM ilizirithi, kuna ile isemayo kwamba cheo ni dhamana na kwamba mwanachama hatatumia cheo chake au cha mtu mwingine kwa faida yake. Nilipokuwa mdogo niliikariri bila kuifikiria. Leo naona kwamba ni ahadi inayowazungumzia wanaopokea kupitia cheo, na haisemi neno lolote juu ya mtu anayetoa kupitia cheo, kwa sababu pengine walioiandika hawakutegemea kwamba angetokea.

Mahakama na bakuli la pilau

Mwaka 2000 sheria ya uchaguzi ilifanyiwa mabadiliko yaliyoruhusu takrima. Mgombea aliyewakirimu watu kwa nia njema, kwa kufuata mila za ukarimu, hakuhesabiwa kuwa ametoa rushwa. Uchaguzi wa 2005 ulifanyika chini ya kanuni hiyo, na wagombea wote, matajiri na maskini, waliingia kwenye uchaguzi huo wakiwa na ruhusa ileile. Simaanishi kwamba mtu fulani alishinda kwa pilau. Namaanisha kwamba ruhusa sawa haina thamani sawa kwa mwenye kiwanda na kwa mwalimu wa sekondari.

Hilo ndilo walilolipeleka Mahakama Kuu Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu pamoja na asasi nyingine mbili, na mwaka 2006 mahakama ikakubaliana nao: vifungu vya takrima vilikuwa kinyume cha Katiba, kwa kuwa viliwabagua wagombea wasio na kitu na viliingilia uhuru wa mpiga kura. Mwaka 2010 ikafuata Sheria ya Gharama za Uchaguzi, iliyoweka ukomo wa matumizi na kutaka fedha za kampeni zielezwe zilikotoka.

Nilipofika hapo nilidhani nimepata jibu la mzee. Sheria imekwisha kulijibu, nikajiambia: ukigombea, usitoe.

Lakini sheria hizo zinatazama uteuzi, kampeni na uchaguzi. Mbunge hukaa miaka mitano. Katika miaka hiyo yote, mbunge mwenye mali anapoona zahanati haina vitanda, afanye nini? Asubiri bajeti ya mwaka unaofuata huku mama akijifungulia sakafuni, ili dhamiri ya mwanasheria itulie?

Kisima cha mbunge

Hapa ndipo nilipokwama kwa muda mrefu zaidi, na bado sijisikii kuwa nimetoka.

Dewji alipokuwa mbunge alijulikana kwa kutumia fedha zake katika visima, madarasa na huduma nyingine za jimboni. Nimewahi kuishi mahali ambapo maji yalifuatwa mbali, na sitaki kamwe kuwa mtu anayekaa na bomba ndani ya nyumba huku akiwaeleza wengine kwamba kisima chao kina kasoro ya kinadharia. Maji yanapotoka, msichana anarudi darasani. Hakuna hoja yangu yoyote inayoweza kusimama mbele ya hilo.

Hata hivyo, kazi ya mbunge ni nini? Anakaa katika Bunge linalopitisha bajeti, anaihoji Serikali, na kwa nafasi yake ni diwani katika halmashauri yake, ambako anapaswa kuuliza fedha za maji zilizotengwa zimekwenda wapi. Ripoti ya Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali inapofika, yeye ni mmoja wa wale wanaotakiwa kuisoma na kuwabana watendaji. Kisima anachokilipia mwenyewe kinatoa maji, na wakati huohuo kinazima swali. Mhandisi wa maji aliyeshindwa kutekeleza mradi wake hafikiwi tena na kelele za wananchi, kwa sababu wananchi wamekwisha kupata maji. Fungu lililopotea halitafutwi. Mbunge mwenye huruma, bila kukusudia, anamkinga mtendaji mzembe dhidi ya watu aliowakosea.

Kuna athari nyingine inayokuja baadaye, nayo humwangukia mtu asiyehusika. Mbunge tajiri akiondoka, anayemfuata anaweza kuwa muuguzi mstaafu mwenye akili nzuri na mfuko mtupu. Atasimama jukwaani aeleze hoja aliyoipeleka kamatini, na sauti itatoka nyuma ya umati: yule alituletea gari la wagonjwa, wewe umetuletea nini? Tangu siku hiyo, watu wa aina yake watafikiria mara mbili kabla ya kuchukua fomu. Ndani ya chama pia, wajumbe wa kura za maoni watakuwa wamezoea kipimo hicho, na atakayekifikia ni tajiri mwingine ambaye huenda hana moyo wa yule wa kwanza.

Mwaka 2009 Bunge lilitunga sheria ya Mfuko wa Kuchochea Maendeleo ya Jimbo, ambapo fedha za umma hutolewa kwa kila jimbo na mbunge husimamia kamati inayoamua zitumikeje. Wengi waliutetea kama njia ya kumpunguzia mbunge maskini mzigo huo. Naelewa nia yao, lakini naona kwamba ulihalalisha wazo lilelile: kwamba mbunge ni mtu wa kuleta vitu.

Mtu asiyegombea chochote

Baada ya 2015, basi, swali la mzee lilipaswa kupata jibu jepesi. Anagombea nini? Hagombei kitu.

Kwa siku kadhaa nilitulia na jibu hilo. Dini zetu zote mbili kubwa zinatufundisha kwamba sadaka iliyo bora ni ile ambayo mkono wa kushoto haujui kilichotolewa na mkono wa kulia. Mwanasiasa hawezi kutoa hivyo hata akitaka, kwa kuwa msaada wa mbunge usioonekana ni kama haukutolewa, na mpinzani wake atasema hajafanya lolote. Kuacha ubunge kulimrudishia Dewji uwezekano wa kutoa bila kudai kitu. Nilimkumbuka pia mfanyabiashara marehemu Reginald Mengi, ambaye hakuwahi kuwa mbunge, na ambaye kwa miaka mingi aliwaalika watu wenye ulemavu chakula cha pamoja na kugharamia safari za watoto wenye maradhi ya moyo kwenda kutibiwa India. Alipofariki Mei 2019, waliomlilia kwa uchungu zaidi hawakuwa wapiga kura wake.

Kisha nikafikiria jambo lililonivuruga upya. Watu wa Singida Mjini walikuwa na uwezo, mara mbili, wa kumwambia Dewji hapana. Walimwambia ndiyo, lakini uwezo wa kukataa ulikuwa mikononi mwao, pamoja na haki ya kumsimamisha mkutanoni na kumuuliza ahadi aliyoitoa iko wapi. Mtoaji anayeomba kura ana sababu ya kushukiwa, na pia ana pahala pa kushikwa. Mtoaji asiyeomba kura hana sababu hiyo, na hakuna anayeweza kumshika. Taasisi yake itaamua kwamba mwaka huu ni afya, mwaka ujao ni elimu; itaamua ni wilaya gani na ni ugonjwa gani; na mgonjwa wa ugonjwa ambao haukuchaguliwa hana mahali pa kukata rufaa. Huenda maamuzi hayo ni mazuri sana. Bado ni maamuzi ya nyumba ya mtu.

Vilevile, kuwa nje ya Bunge si kuwa nje ya siasa. Mwaka 2009 Mengi aliitisha mkutano na waandishi wa habari na kuwataja kwa majina wafanyabiashara watano aliowaita mafisadi papa, yaani mafisadi wakubwa, na nchi nzima ikazungumza hilo kwa muda mrefu. Hakuwa na cheo chochote cha kisiasa. Alikuwa na televisheni, redio, magazeti na jina alilolijenga kwa hisani. Sauti yake ilizidi ya wabunge wengi, na hakuna jimbo ambalo lingeweza kumwita arudi ajieleze.

Mahali pekee ninapoona watu wakiwa na nguvu ya aina fulani mbele ya Dewji baada ya 2015 ni klabu ya soka ya Simba. Mwishoni mwa mwaka 2017 alishinda zabuni ya kuwekeza shilingi bilioni 20 katika klabu, fungu lake likawa asilimia 49 ya hisa, na asilimia 51 zikabaki kwa wanachama kwa matakwa ya kanuni za serikali. Tunaweza kubishana kama mgawanyo huo umefanya kazi vizuri, na mashabiki hubishana kila msimu, kwa hasira, redioni na vijiweni. Lakini hasira hiyo yenyewe inanipa faraja. Mwanachama wa Simba hamshukuru tajiri tu, anamdai. Anauliza fedha zimeingia lini, usajili umefanywa na nani, kocha ameondoka kwa sababu gani. Sijawahi kusikia mgonjwa aliyetibiwa kwa msaada akiuliza maswali ya namna hiyo, wala simtarajii.

Zile siku za Oktoba

Dewji alipotekwa asubuhi ya tarehe 11 Oktoba 2018 pale Oysterbay, Dar es Salaam, misikitini na makanisani watu walimwombea mpaka alipopatikana tarehe 20. Wakati huo alikuwa na miaka mitatu nje ya Bunge. Nilimwombea na mimi.

Nikikumbuka mazungumzo ya siku zile, naona hofu yetu ilikuwa na tabaka nyingi. Tulimwogopea mtu, mume na baba wa watoto. Tuliogopa kwa ajili ya usalama wetu wenyewe. Na chini ya hapo kulikuwa na sauti nyingine niliyoisikia kwa watu wengi: ajira za watu zitakuwaje, timu itakuwaje, wale wanaosaidiwa watakuwaje? Mambo mengi ambayo kwa haki yalipaswa kutegemea taasisi yalikuwa yakitegemea pumzi ya mtu mmoja. Sidhani kwamba yeye ndiye wa kulaumiwa kwa hilo. Tulimtwisha mzigo huo kidogo kidogo, kila tulipoona ni rahisi kumwomba yeye kuliko kuidai halmashauri.

Swali ninalotaka liulizwe

Mzee wetu aliuliza swali sahihi, na ninamheshimu kwa ujasiri wa kuliuliza wakati wengine tunapiga makofi. Lakini linamlenga mtoaji na nia yake, na nia ya mtu hatuifikii. Dewji mwenyewe, hata kama angetaka kutueleza kwa moyo mweupe, huenda asingeweza kutenganisha kilichotoka kwa mbunge na kilichotoka kwa kijana wa Ipembe aliyesoma teolojia. Ningependa tuanze kuuliza lingine, linalotuhusu sisi na linaloweza kujibiwa kwa karatasi: hiki tunachopewa, nani mwingine alipaswa kukilipia?

Nalitaka liwe jambo la utaratibu, lisilomdhalilisha mtu. Msaada wowote wa ujenzi, maji au vifaa vya tiba unapopokelewa na shule, kijiji au zahanati, uandikwe katika kikao cha baraza la madiwani, pamoja na kiasi ambacho halmashauri ilikuwa imekitenga kwa kazi hiyohiyo, kiasi kilichofika, na mahali ambapo kilichookolewa kitapelekwa. Taarifa ibandikwe kwenye mbao za matangazo za kata, iwe mtoaji ni mbunge, ni mgombea mtarajiwa au ni tajiri asiyetaka hata jina lake litajwe. Mtoaji mwema hapotezi kitu kwa utaratibu huo. Atakayepata taabu ni yule mtendaji ambaye kwa miaka mingi amejificha nyuma ya ukarimu wa wengine.

Nimeliandika pendekezo hilo kwa ukurasa mmoja na kumkabidhi diwani wetu. Amesema atalisoma, na ameniuliza kama nipo tayari kulisimamia mbele ya baraza endapo litapangiwa nafasi. Nimemwambia nipo.